Re: Mwanangu wa miaka 15 kajifungia chumbani, nyumba nzima wanasema shetani

Dadaangu pole sana, nimesoma nikaumia. Umesema yupo form two hapo Wete, Pemba, wiki ya tatu hali chakula vizuri, usiku halali, skuli hataki na chuo cha Quran kaacha, na juzi kakwambia "bora nisingezaliwa." Hilo la mwisho ndo lilonishtua, usilipitishe hivi hivi. Kaa nae leo, nyie wawili tu, muulize waziwazi kama anafikiria kujidhuru, kumuuliza hakumtii hayo mawazo kichwani, mara nyingi mtoto anapata nafuu kuona kuna alothubutu kuuliza. Akikwambia ndio usimwache pekee yake, vidonge na dawa za shamba vifungie, na mpeleke hospitali siku hiyo hiyo.

Kombe (maji ya aya za Quran) na kisomo sikukatazi, hata kwetu tunasoma, lakini visiwe sababu ya kuchelewa kwa daktari. WHO, shirika la afya duniani, wanasema mtoto 1 kati ya 7 wa miaka 10 mpaka 19 ana tatizo la afya ya akili, kwa hiyo si aibu ya nyumba yako. Anza hospitali ya hapo Wete au Chake, uliza wa afya ya akili, wakiona lazima watakupa rufaa Unguja, Kidongo Chekundu, hospitali ya wagonjwa wa akili, na najua watu wanavoliogopa jina hilo lakini ni hospitali kama nyengine. Akipewa dawa zinachukua wiki kadhaa mpaka zifanye kazi, usizikatishe. Na 116 simu ya watoto ni bure, hata yeye mwenyewe anaweza kupiga.

Ukishaongea nae nijibu hapa jamani.