Usifunge Samaki Kiunoni: Niliyofundishwa na Papa Limau

Nimezaliwa Lamu, na tangu utotoni nimewaona wazamiaji wetu wakitunga samaki kwenye uzi na kuufunga kiunoni. Unapiga changu, unamtunga, unazama tena. Nami nilivua hivyo hivyo. Tabia hiyo niliibeba hadi Bimini, visiwa vidogo vya Bahama vilivyo kama kilomita 80 kutoka Miami, ambako nilikuwa nikifika kila msimu nilipokuwa baharia kwenye boti za matajiri. Huko ndiko nilikoiacha.

Ilikuwa magharibi, jua limeshainama, maji yananifika kifuani. Bahama hawaruhusu bunduki ya kupigia samaki, kwa hiyo nilikuwa na mkuki wa kuvuta kwa mpira, na kiunoni samaki watatu, wawili kati yao bado wakipapatika. Sikumwona akija. Nilihisi kitu kizito kikinisukuma paja, kama mtu anavyokupiga kikumbo sokoni akapita, kisha uzi ukavutwa nikayumba. Nilipogeuka niliona ubavu wa rangi ya mchanga uliochanganyika na umanjano, mrefu kunizidi, na mapezi mawili ya mgongoni yanayokaribia kulingana. Kwa hayo mapezi mawili utamjua papa limau popote. Bahati nilikuwa nimefunga fundo la kuteleza. Nikalivuta, uzi ukafunguka, akaenda na samaki wote watatu. Paja lilichubuka tu, maana ngozi ya papa ni kama msasa. Lakini meno yake yalipita shubiri moja kutoka kwenye nyonga yangu, na mpaka leo nikiandika haya mkono wangu unaenda wenyewe kupapasa pale.

Watu huniuliza kama papa limau hula watu. Hali watu. Rekodi za mashambulizi ya papa duniani zinaonyesha visa vichache sana vya papa huyu kumng'ata mtu asiyemchokoza, na hakuna kifo hata kimoja kilichoandikwa. Ni mnyama wa kufika mita tatu, mwenye meno membamba yaliyotengenezwa kwa kushika samaki wenye utelezi. Akikuona umesimama bila kitu, mara nyingi hupita kando na kwenda zake. Yule wa jioni ile hakunijia mimi. Alijia samaki, na mimi ndiye niliyejigeuza kuwa mti wa kuning'inizia chakula chake.

Hapo ndipo ninapotaka tusikilizane vizuri. Papa limau hujifunza. Mwishoni mwa miaka ya 1950, huko Florida, mtafiti Eugenie Clark aliwafundisha papa limau kusukuma ubao kwa pua ili wapewe chakula. Wakajua. Baridi ilipoingia wakaacha kula, na maji yalipopata joto tena walikuwa bado wanakumbuka somo. Kama walikumbuka ubao, watakumbuka mlio wa injini, mlio wa mkuki ukitoka, na ngazi ya gati ambapo kila jioni mtu humwaga matumbo ya samaki. Wazee wetu walisema mazoea yana taabu, na mimi sijaona pahali msemo huo unapofaa kuliko kwenye gati la kusafishia samaki. Nimewaona papa limau wanne wakisogea kwenye ngazi kabla ndoo haijainuliwa, kwa kusikia tu kisu kikigonga ubao. Kesho yake mtoto wa mgeni alikuwa ameketi ngazi hiyo hiyo, miguu majini.

Kwa hiyo, usioge wala usitumbukize miguu panaposafishwa samaki, hata kama maji ni meupe na huoni kitu. Na usimlishe papa ili upate picha. Florida ilipiga marufuku kuwalisha papa katika maji yake tangu 2002, na naona walifanya sawa. Bahama bado wapo wanaowavuta kwa chambo ili wageni wawaone, na wengine ni watu makini wanaoijua kazi yao. Lakini ukienda nao, ukamkuta anayeshika samaki kwa mkono mtupu ili uone anavyothubutu, shuka utafute boti nyingine.

Jambo la pili ni la papa aliyelala. Tumeambiwa papa akisimama hufa, kwa sababu lazima maji yapite kwenye matamvua. Papa limau anaweza kulala juu ya mchanga na kuyavuta maji kwa mdomo. Nimewahi kuelea juu ya mmoja hivyo, mita nne hivi chini yangu: mdomo unafunguka na kufumba polepole, matamvua yanapanuka na kushuka, chazo amejibandika tumboni kisha anahama kwenda mgongoni bila papa kujali. Jicho lilikuwa wazi. Lilinifuata. Niliposogea kushoto, nalo likasogea. Mtu aliye ndani ya maji hudhani huyu amelala, akashuka kumgusa mkia apigwe picha. Papa hana mfupa, kiunzi chake chote ni gegedu, na anaweza kujikunja hadi pua ikafika mkiani, na mkono wako ndio ulioko pale. Mwangalie kwa juu, kwa mbali, halafu endelea na safari yako.

Wale wadogo ndio walionipata moyo. Maji yakianza kujaa Bimini, ukisimama kimya kwenye mikoko, maji ya magotini, utawaona watoto wa papa limau wenye urefu wa sentimita 60 tu wakizunguka mizizi wakitafuta chaa. Ndiyo, chaa, wa jamii moja na hawa wetu tunaowakaanga. Mmoja alinizunguka mara tatu kwa mbali, akawa anasogea kila nilipompa mgongo na kurudi nyuma kila nilipomtazama. Nilijifunza kwake kanuni ninayoitumia hadi leo kwa wakubwa: mpe uso. Papa limau mwenye shaka hatapenda kutazamwa. Ukimwona anakuzunguka, simama wima majini, geuka naye, usipige maji kwa mikono, rudi nyuma taratibu kuelekea boti au ufukwe. Akianza kukata kona za ghafla, mzunguko ukipungua na mkia ukienda mbio, kama una samaki mwachie, kisha toka. Akiwahi kukung'ata, bonyeza jeraha kwa nguvu hapo hapo na ukaze kitambaa. Kinachoua ni damu kwisha.

Watoto hao hukaa kwenye mikoko ile miaka kadhaa. Samuel Gruber, aliyeanzisha kituo cha utafiti Bimini mwaka 1990, alitumia sehemu kubwa ya maisha yake kuwafuatilia, na kutokana na kazi ya kituo hicho ilithibitishwa mwaka 2013 kwamba majike waliozaliwa pale hurudi kuzaa pale pale baada ya miaka 14 hadi 17. Fikiria mama huyo anarudi na kukuta mikoko imekatwa pajengwe hoteli. Bahama ililinda papa wote katika maji yake mwaka 2011, lakini mikoko haina ulinzi wa namna hiyo kila mahali, na hilo linanisikitisha kuliko jambo lolote nililoliona kule.

Na kwetu? Ndugu yake yuko. Papa limau wa Bahari ya Hindi ana mapezi yaliyopinda kama mundu, na anapatikana tangu Bahari ya Shamu, kwenye mwambao wetu, hadi Shelisheli, ambako watoto wake hukulia kwenye maji mafupi ya visiwa vya nje. Akichokozwa anasifika kwa ukali. Sisi tumezoea kumwona akiwa ameshakauka kwa chumvi, anasubiri nazi. Sikatazi mtu mchuzi wa papa, nimelelewa nao. Ila kitoto cha papa kikinaswa kwenye wavu wako huko mikokoni, kikiwa hai, kirudishe majini. Kinachukua zaidi ya miaka kumi kuwa mzazi.

Mpwa wangu anazamia Kiwayu, kisiwa cha huku kwetu Lamu, na bado nilimkuta na uzi kiunoni. Tulikaa baraza moja jioni nzima nikimsimulia. Sasa anatumia dumu la lita 5, limezibwa vizuri, limefungwa kamba ya mita 15. Samaki akipigwa tu anatungwa chini ya dumu, si mwilini, na boti ikiwa karibu anapandishwa mara moja. Mwisho wa pili wa kamba anaushika kwa mkono. Hauzungushi kiganjani wala haufungi popote, ili siku papa akiuvuta, afungue vidole tu.