Nundu zenye pembe kwenye mkaratusi

Ndugu, hizo nundu zenye pembe nne kama za mnyama ulizoziona kwenye tawi la mkaratusi huko Australia si matunda. Ndani anaishi mdudu-gamba jike (mdudu mdogo anayefyonza utomvu wa mmea), nadhani wa spishi Apiomorpha munita. Hatoki humo maisha yake yote. Tazama katikati ya pembe: kuna kitundu, ndipo dume anapompandia na watoto wanapotokea. Dume hukulia kwenye kijinundu chembamba kama mrija, kisha huota mabawa. La ajabu zaidi, kromosomu za wadudu hawa (nyuzi za urithi ndani ya seli) huanzia 6 hadi zaidi ya 100, ingawa wote huitwa spishi moja! Lakini vivimbe vya vikonyo vya majani kwenye mikaratusi ya huku Kenya ni vya mdudu mwingine, nyigu aitwaye Leptocybe invasa. Usiukate mti huo wenye nundu.