Kurekodi kijiji kinachomezwa na mji
Umeuliza uanzie wapi filamu ya makala kuhusu kijiji ambacho mashamba yake yanageuzwa viwanja vya mji, na kama umhoji kwanza mpangaji miji au wanakijiji. Anza na wanakijiji, tena bila kamera, kwa sababu mtu anayesubiri fidia ana hofu ya kweli kwamba maneno yake yatatumiwa dhidi yake, na hofu hiyo haiondolewi na fomu ya ridhaa iliyosainiwa siku ya kwanza. Ridhaa iombwe upya kila hali inapobadilika, hasa malipo yanapokaribia. Usiwachukulie wanakijiji kama sauti moja: mwenye hati anaweza kufurahia bei ya ardhi kupanda, ilhali aliyekodi shamba, mfugaji na mjane ambaye jina lake halimo kwenye hati huweza kuondoka mikono mitupu. Kwa maoni yangu, hapo ndipo ilipo filamu yako, kuliko kwenye picha za matingatinga ambazo kila mtu amekwisha kuziona.

Kwa ushahidi wa mabadiliko, tumia picha za setilaiti za Landsat, ambazo zimekuwa zikipigwa tangu 1972 na hutolewa bure tangu 2008. Zipange kwa miaka, kisha umwonyeshe mzee wa kijiji na umrekodi akitaja visima na njia ambazo picha zenyewe haziwezi kuzionyesha. Mpangaji miji mhoji baadaye, ukiwa na maswali mahususi kuhusu ramani na ratiba yake. Kabla ya kukamilisha uhariri, waonyeshe wahusika sehemu zao, na umwondoe yeyote ambaye kuonekana kwake kunaweza kumgharimu fidia.