Amefaulu Kozi, Tepe Hana: Polisi Aanzie Wapi?

SWALI: Mimi ni konstebo, kituo kimoja hapa Changamwe. Mkuu wa kituo alinipendekeza, nikaenda kozi ya koplo nikafaulu. Orodha ilipotoka, jina langu halimo, na vijana wawili niliowatangulia kazini wamevishwa tepe. Kuna wakili ananiambia nishtaki kwa Sheria ya Ajira. Je, nimsikilize? – K.M., Changamwe

JIBU: La. Mwombe afungue kifungu cha 3 cha Sheria ya Ajira ya 2007. Kinasema sheria hiyo haiwahusu polisi, magereza wala wanajeshi. Mahakama ya Ajira na Leba, ambayo ipo hapa Mombasa, inaweza kukusikiliza, lakini ingia kwa mlango wa Katiba. Hapo pia angalia: Kifungu 24(5) kinaruhusu haki za wafanyakazi zilizo katika Kifungu 41 zipunguzwe kisheria kwa polisi. Kifungu 47, kinachodai uamuzi wa haki na sababu kwa maandishi, hakimo katika orodha ya haki zinazoweza kupunguzwa hivyo. Kesi yako iegemee hapo.

Jambo la pili huenda lisikupendeze. Kupendekezwa na kufaulu kozi bado si cheo. Mwenye kauli ni Tume ya Huduma ya Polisi, kwa Kifungu 246(3)(a). Na kutangulia kazini peke yake hakutoshi, maana Kifungu 232 kinataka ushindani wa haki na ustahili, na kinaruhusu pia kuangalia jinsia, jamii na ulemavu. Ukimwambia jaji "nimekaa sana", hujasema kitu. Mwonyeshe utaratibu ulivyokiukwa: kigezo kilichobadilishwa katikati, alama zako ambazo hazikuhesabiwa, kesi ya nidhamu iliyokwisha zamani lakini bado imo kwenye faili.

Utayajuaje hayo? Kwa barua, na ndipo wengi wanapoharibu. Iandikie Tume kupitia kwa mkuu wako, na nakala uipeleke mwenyewe. Taja nambari ya huduma, tarehe ya kuajiriwa, tarehe za kozi na tarehe ya orodha. Omba sababu za kuachwa, vigezo vilivyotumika na alama zako. Za wenzako waachie wenyewe. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokewa. Ukikosa muhuri, watasema hawajaiona.

Uzito wa barua hiyo uko katika kifungu cha 6 cha Sheria ya Maamuzi ya Haki ya Kiutawala ya 2015: ofisi ikikunyima sababu, mahakama huchukulia kuwa uamuzi haukuwa na sababu nzuri, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Kwa Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 ofisi ina siku 21 za kukujibu. Ikikataa, una siku 30 za kwenda kwa Ombudsman, yaani Tume ya Haki ya Kiutawala.

Usikimbilie korti kabla ya kumaliza njia za ndani za malalamiko. Kifungu cha 9 cha sheria hiyo ya 2015 kinakutaka uzimalize, na wakili wa serikali ataanza na hoja hiyo. Lakini barua zisikulaze: ombi la kufuta uamuzi kwa Sheria ya Marekebisho ya Sheria lina miezi 6, na saa inatembea hata kama Tume imenyamaza.

Katika ombi lenyewe, kila kifungu cha Katiba unachodai kimevunjwa ueleze kilivunjwaje. Hilo ni sharti tangu kesi ya Anarita Karimi Njeru ya 1979. Na usiombe ufanywe koplo. Jaji havishi mtu tepe. Kwa kawaida hufuta uamuzi ulioenda kombo na kuirudishia Tume ianze upya.

SWALI: Mume wangu ni polisi. Ameombwa "chai" ili jina lake lipite. Je, twende IPOA, mamlaka huru inayosimamia mwenendo wa polisi? – Mke wa afisa, Likoni

JIBU: Kwa hongo, mama, nendeni EACC, tume ya kupambana na ufisadi; wana ofisi Mombasa. IPOA haigawi vyeo wala haivipitii. Msilipe hata shilingi, kwa sababu Sheria ya Hongo ya 2016 humshika mtoaji pia. Mumeo, kwa kuwa ni afisa wa umma, anaweza kubanwa na kifungu cha 14, kinachodai taarifa ndani ya saa 24. Ujumbe wa aliyeomba uacheni ndani ya simu, na simu yenyewe itunzeni. Picha ya skrini bila cheti cha kifungu 106B cha Sheria ya Ushahidi, kinachothibitisha ilivyotolewa kwenye simu, hupingwa kortini.