Ukija Kisumu Ndogo na kamera, njoo na daftari

Vijana huniuliza kamera gani inafaa kurekodi maisha ya mtaa wa mabanda kama Kisumu Ndogo, hapa Malindi. Simu uliyo nayo yatosha. Kinachokosekana ni daftari.

Picha ya mtoto pekupeku mbele ya ukuta wa udongo tumeshaiona mpaka tumechoka. Andika bei. Mimi nilinunua mtungi wa lita 20 kwa mwenye mkokoteni, shilingi 20. Yuniti moja ya maji kwenye bili ni lita 1,000, yaani mitungi 50, kwa hivyo asiye na mfereji analipa shilingi 1,000 kwa yuniti. Sasa kamuulize mwenye mfereji uani kwake analipa ngapi. Hesabu hiyo hakuna kamera itakayokupigia.

Asubuhi keti kwa muuza mahamri, ununue, ule (na mbaazi usiziache). Mama mmoja aliponiona naandika bei alicheka: "Mwanangu, andika na deni basi." Akanitolea daftari la shule lililolowa mafuta pembeni: majina, na mbele ya kila jina vijiti vya kalamu, kijiti kimoja hamri moja. Mwisho wa wiki mtu hulipa vijiti, si tarehe. Niliandika jinsi deni linavyohesabiwa. Majina niliyaacha, na ukurasa sikuupiga picha. Wanaodaiwa ni majirani zake, na mtandaoni wamo.

Njoo pia mwezi wa Mei. Masika imeshika, kusi limechafua bahari, hoteli nyingi zimefunga na wafanyakazi wako nyumbani. Anayekuja Desemba tu, wageni wamejaa, anaandika mtaa mwingine kabisa.

Picha za watoto, kwanza omba ruhusa ya mzazi au mlezi: ndivyo inavyotaka Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019. Na tafadhali, usimwambie mtu aondoe redio au televisheni ili nyumba ionekane maskini zaidi. Nimeliona hilo likifanywa, na mwenye nyumba akatii kwa adabu tu. Redio ibaki, na uulize ilinunuliwa kwa mkopo au kwa taslimu.

Ukimaliza, safisha picha studio, za karatasi, uwapelekee wenyewe. Simu hupotea na kuibwa. Peleka nakala mbili, maana moja itaombwa na jamaa wa bara.