Mama kazikwa Wete, mie niko Haima

SWALI: Shangazi, asalaam alaykum. Ni kijana wa Wete, Pemba. Naendesha gari la maji Oman. Kambi yetu iko nje ya Haima, upande wa jangwa la Rub' al-Khali. Mama alifariki alfajiri, alasiri akazikwa. Nilikuwa njiani pasipo mtandao. Nilipofika penye mnara, ujumbe ukaingia kwa mkupuo, wa mwisho ukisema: "Tushamzika." Wenzangu wa Bangladesh na Kerala wamenipa pole, lakini hakuna aliyemjua mama. Usiku natoka na gari uwandani, nazima taa, nakaa. Sijalia hata chozi. Nina kasoro? Na nikirudi sasa, nikafanye nini?
Dereva, Haima

JIBU: Waalaykum salaam, mwanangu. Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun.

Kasoro huna. Kwetu mfiwa hulizwa na watu: kila aingiaye na pole yake anakutonesha, mkeka haukauki wakaaji, hitima inasomwa. Hayo yote yamekupita. Mimi nilikuwa Ibra, mji wa huko huko Oman, nimeolewa huko, nilipopata habari ya baba. Nikapika mchana kama kawaida. Kilio kilinijia siku nyingi baadaye, nimo dukani, nimeona mbirimbi kavu. Mwenye duka alidhani nalilia bei.

Basi mpigie dada yako, muulize nani walimwosha mama, na nafasi yako kaburini aliishika nani. Uliza yote, usione haya. Kisha msalie sala ya ghaibu, ile ya kumsalia maiti aliye mbali. Sisi Mashafii tunaikubali, na Mtume alimsalia Najashi, mfalme aliyefia Habasha.

Ukipata mapumziko, panda uende Nizwa au Ibra. Wako wazee huko waliozaliwa Unguja na Pemba, Kiswahili chao kimenyooka kuliko chako. Ingia sabla yao, baraza lao la kukutania, useme umefiwa na mama. Watakukalisha, kahawa itakuja, na utaulizwa mama ni wa ukoo gani. Hapo utamsema mpaka uchoke.

Ila hilo la kutoka peke yako usiku, silitaki. Gari likizama mchangani pasipo mtandao, nani atajua uliko? Kaa nje, lakini kaa kambini.

Kurudi, rudi. Baba yako, kama yu hai, na wadogo zako wanakungoja. Omba likizo leo hii, na wakikunyima, niandikie tena.