Ukikuta kigae shambani, simamisha jembe kwanza

Huku kwetu Kilwa, mtu akichimba msingi wa nyumba au shimo la choo akakutana na vigae vya vyombo vilivyovunjika, shanga au ukuta wa mawe chini ya udongo, mara nyingi hufanya moja kati ya mawili: anavitupa pembeni na kifusi, au anarudi usiku na kurunzi akiamini kapata rupia za Mjerumani. Mimi nimefanya kibarua kwenye uchimbaji wa wanaakiolojia Kilwa Kisiwani, nikibeba ndoo na kuchekecha udongo. Kwa hiyo wewe unayelima au kujenga popote kuanzia Kilwa hadi Mikindani, nakuomba ufanye jambo la tatu. Simama, na kitu ukiache palepale kilipo.

Mwanaakiolojia hatafuti kitu peke yake, anatafuta kitu pamoja na mahali kilipolala. Ndiyo maana anakwangua kwa mwiko wa mwashi, sentimita chache chache, na udongo ukibadilika rangi kazi inasimama: watu wanapima, wanachora, wanapiga picha, na vya tabaka hilo vinaingia kwenye mfuko wake wenye namba. Tabaka la chini kwa kawaida ndilo la zamani zaidi, isipokuwa pale ambapo mtu, panya au mzizi umelitibua. Kigae cha kaure ya Kichina kikikutwa ndani ya tabaka lake kinasaidia kujua watu wa nyumba ile waliishi karne gani na bidhaa za wapi ziliwafikia. Kigae hichohicho kikishawekwa kwenye kabati la sebuleni hakisemi tena chochote juu ya nyumba ile.

Mkaa nao ni hivyohivyo. Mkaa wa jiko la kale unapimwa umri kwa kaboni 14, aina ya kaboni ambayo hupungua nusu kila baada ya miaka 5,730 hivi tangu mti ulipokufa. Ukishauchanganya na mkaa wa juu, maabara itakupa umri, lakini hakuna atakayejua ni umri wa nini.

Tena usidhani cha maana ni kile kinachong'aa. Doa jeusi la duara kwenye udongo mwekundu laweza kuwa shimo la nguzo ya nyumba ya miti iliyokandikwa. Kigae kilichochongwa mviringo na kutobolewa katikati kilitumika kusokotea uzi wa pamba. Vitu hivi ndivyo tunavyovitupa, na ndivyo vilivyobadilisha historia yetu.

Chukua mfano wa Ibn Battuta, msafiri wa kutoka Moroko. Alifika Kilwa mwaka 1331, akausifu mji kwa uzuri wake, akaandika kwamba nyumba zake ni za miti. Msomaji anayetazama Husuni Kubwa, jumba la matumbawe na chokaa la Sultani al-Hasan bin Sulaiman wa enzi hizohizo, ataona msafiri yule kadanganya. Lakini watu wengi wa miji hii waliishi kwenye nyumba za miti na udongo, ambazo haziachi gofu. Zinaacha madoa na mabonge ya udongo wenye alama za fito. Asiyeyajua madoa atasema mji ulikuwa wa matajiri peke yao.

Wazee wetu wanasimulia kwamba Ali bin al-Hasan alitoka Shiraz, Uajemi, akakinunua kisiwa cha Kilwa kwa nguo za kutosha kukizunguka, akawa sultani wake. Sarafu za shaba zenye jina hilo zimechimbwa Kilwa, na watafiti bado wanabishana alitawala lini hasa. Hata hivyo, chini ya misingi ya mawe kuna tabaka za tangu karne ya 9 hivi, za watu waliovua samaki, waliofua chuma na kufinyanga vyungu vya aina inayopatikana kwingi katika pwani hii. Kule Shanga, kwenye visiwa vya Lamu, chini ya msikiti wa mawe palikutwa misikiti midogo ya miti iliyotangulia. Kwangu mimi simulizi la nguo halifutwi na haya. Linasema palikuwa na mwenyeji wa kuuza kisiwa, na udongo unatuonyesha mwenyeji huyo aliishije.

Ndiyo maana wachimbaji wa rupia wananiuma sana. Kwa kuitafuta sarafu moja wanachanganya karne kadhaa kwa usiku mmoja. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inakataza kuchimba bila kibali, na inamtaka anayekuta kitu cha kale atoe taarifa.

Kwa hiyo fanya hivi. Rudishia udongo uleule juu yake kidogo ili jua na mvua visiharibu, chomeka kijiti cha alama, piga picha ukiweka jembe kando ili ukubwa uonekane. Nenda kwa mwenyekiti wa kijiji, kisha kwa afisa utamaduni wa halmashauri au watu wa Mambo ya Kale. Waulize waziwazi ujenzi wako utasimama kwa muda gani, na uombe jibu kwa maandishi.

Na dai jina lako liandikwe. Pale Tendaguru, Lindi, Wajerumani walichimba mifupa ya dinosaria kati ya 1909 na 1913 (hiyo ni elimu nyingine, mifupa ile imemtangulia binadamu kwa mamilioni ya miaka). Wapagazi waliibeba hadi bandarini Lindi, na leo kiunzi chenye kimo cha zaidi ya mita 13 kinasimama Berlin. Msimamizi wa vibarua alikuwa Boheti bin Amrani. Yeye jina lake limebaki. Wengi wa waliochimba na kubeba pamoja naye hawatajwi popote. Kwenye fomu ya taarifa, au kwenye karatasi tupu kama fomu hakuna, andika nani aliyekuta, shamba la nani, tarehe, na kina cha shimo, kisha ubaki na nakala yako.